Dakika Mbili za Kiza

Ghorofa ya kumi na nne, Glasgow. Lifti imegoma tena.
Nimebeba kipaza sauti na ufito wake mrefu
kama mtu aendaye kuangua mapapai mawinguni.
Zuwena yu mbele, kamera kifuani,
anaipakata kama kichanga kilicholala kwa tabu.

"Usiniulize filamu inahusu nini," alinionya ngazi ya tisa.
"Inahusu mama. Halafu inahusu kwa nini simjui."

Bi Raya katandika mkeka juu ya zulia la halmashauri,
katumiminia chai ya tangawizi
katika vikombe vyenye nembo ya timu
asiyojua inacheza mchezo gani.

Mwezi wa pili alitusimulia usiku ule wa hodi:
mlango wa nyumba yao ya Wete ulikuwa wa kijani.
Mwezi wa nne, ulikuwa wa buluu, na kitasa cha shaba.
Mwezi wa sita: "Mlango gani? Palikuwa na pazia tu."

Mwingine angepiga simu Pemba atumiwe picha,
yakaisha.
Zuwena hakutaka.
"Picha itanipa mlango," alisema.
"Mimi nautaka mkono unaoupaka rangi."

Basi tukapiga mikono.
Saa nzima, Bi Raya anachambua mchele wa dukani,
mweupe, uliooshwa, usio na jiwe hata moja,
na vidole vyake havikubali,
vinapekua punje kwa punje
vikitafuta mawe ya kule.

Kitambulisho chake kinasema kazaliwa Januari mosi,
sawa na jirani yake Msomali, sawa na yule Mkurdi wa chini,
ghorofa nzima imezaliwa siku moja
na hakuna anayekata keki.
"Miye nilizaliwa," akasema, "siku ng'ombe wa Makame
alipozaa ndama wawili.
Waandike hivyo."
Hatukukata. Kanuni ya Zuwena ni hiyo,
hata kikohozi, hata nzi akitua kwenye lenzi.

Kisha: "Hebu zima hicho kidude chako."
Akazima.
Mimi nilichelewa. Wallahi nilichelewa tu,
kidole kilikuwa njiani.
Akasema alichokisema.
Dakika mbili na sekunde kumi na moja.

Chumba cha kuhariria, chini ya duka la dobi, Govanhill.
Zuwena alisikiliza mara moja,
akavua visikizio, akatoka kwenda kununua chipsi.
Aliporudi, chumvi vidoleni,
aliitoa sauti ya mama neno kwa neno
kama mtu atoaye miiba ya samaki wa mgonjwa,
akabakisha mvua dirishani, hita inayoalika,
kijiko kinachozunguka katika chai isiyo na sukari.
Juu yake akaweka kiza kitupu.

Bwana mmoja wa televisheni alikuja kutoka London:
"Watazamaji watadhani mitambo imeharibika."
"Na wadhani," alijibu.
Wahenga walisema lisemwalo lipo.
Yeye akaniambia, usiku, akizima kompyuta:
na lisilosemwa lipo, tena limekaa kitako.

(Mimi nilisikia. Msiniulize.
Kazi yangu ilikuwa kushika ufito.)

Usiku wa onyesho, ukumbi wa mtaa, viti vya plastiki.
Kiza kilipoingia, mtoto akauliza
kwa lafudhi ya hapahapa: "Umeme umekatika?"
na watu wazima waliotoka kwetu wakacheka,
wakacheka sana, mpaka mmoja akanyamaza,
kisha wote.
Bi Raya, safu ya kwanza, koti hajalivua.
Midomo yake ilikuwa inakwenda.

Nje, mvua ile ile, tunangoja teksi.
"Kahawia," akasema ghafla.
"Mlango ule. Ulikuwa wa kahawia, sasa nimekumbuka."
Zuwena akanitazama,
akaanza kufungua zipu ya begi.